Barabara ya haraka: tuijenge nusu upana mwanzo hadi mwisho, au upana kamili kipande kwa kipande?

Mpangaji wa barabara

Wadau, kila inapotakiwa barabara ya haraka ya kuunganisha mikoa na fungu likawa dogo, ubishi ni huu huu. Wapo wanaotaka ujengwe upande mmoja tu, wenye njia mbili, kutoka mwanzo hadi mwisho. Magari yapishane humo, na upande wa pili ufuate trafiki ikishaongezeka. Wengine wanataka pande zote mbili, njia nne kamili, ila kwa vipande, na kila kipande kikikamilika kifunguliwe.

Mimi nasimama na nusu upana. Njia nne za kilomita 40 zinazoishia porini hazimfai mwenye lori la kwenda kilomita 200. Kwa mujibu wa miongozo ya usanifu ya Marekani, barabara ya njia mbili huweza kupitisha magari madogo hadi 3,200 kwa saa, pande zote mbili zikijumlishwa, hali ikiwa nzuri kabisa. Mikoa mingi huchukua miaka mingi kufika hapo.

Ila nusu upana si nusu ya kila kitu. Ardhi, kalavati (njia za maji zinazopita chini ya barabara), madaraja ya juu na mikato ya mwamba lazima vifanywe kwa upana wa mwisho tangu awamu ya kwanza. Nguzo ya daraja la juu ikisimama mahali utakapopita upande wa pili, daraja zima litavunjwa. Kalavati lililokatwa kwa kipimo cha nusu tuta (udongo ulioinuliwa kubeba barabara) litarefushwa baadaye, na pale zege jipya linapoungana na la zamani ndipo maji yatakapopenya, kwa kuwa tuta jipya bado linadidimia wakati la zamani limeshatulia. Na mwamba je? Kulipua baruti mita 12 kutoka kwenye magari yanayopita ni kufunga barabara kwa kila mlipuko, kutoboa matundu membamba, kutia baruti kidogo kidogo, kisha kuokota mawe yote lamini kabla ya kufungua tena. Pasua upana wote mara moja, na mawe yake uyasage yawe kokoto za awamu hiyo hiyo.

Mhandisi wa usalama barabarani

Mkuu, kalavati umezieleza vizuri, lakini hukugusa kinachoua watu. Barabara hiyo unaisanifu kwa kasi ya kilomita 120 kwa saa: kona pana, hakuna watembea kwa miguu, hakuna njia panda. Dereva anaona barabara inayofanana na ile ya magari yanayokwenda upande mmoja, na kasi anapandisha. Halafu mbele kuna lori la kilomita 70 kwa saa.

Tupige hesabu. Anayelipita lori kwa kilomita 100 kwa saa anamzidi mwenzake mita 8.3 kwa sekunde. Lori na nafasi za mbele na nyuma yake ni kama mita 60, kwa hiyo anakaa upande usio wake sekunde 7 na zaidi, na anatembea mita 200. Anayekuja mbele kwa kasi hiyo hiyo naye ametembea mita 200. Unahitaji zaidi ya mita 400 za barabara tupu inayoonekana, na hapo hujaweka nafasi ya kukosea. Kwenye mlima au kona huna mita hizo, na foleni ya nyuma ya lori inazidi kukosa subira.

Handaki ni hatari zaidi. Handaki la Tauern, Austria, la kilomita 6.4, lilifunguliwa mwaka 1975 likiwa na tundu moja, magari yakipishana ndani. Tarehe 29 Mei 1999 lori liligonga magari yaliyosimama kwenye taa za eneo la ukarabati humo ndani, moto ukawaka, wakafa watu 12. Tundu la pili lilikuja kufunguliwa mwaka 2010. Kanuni ya Umoja wa Ulaya ya mwaka 2004 kwa mahandaki ya mtandao wake mkuu wa barabara inataka matundu mawili pale makadirio ya miaka 15 yanapoonyesha zaidi ya magari 10,000 kwa siku kwa kila njia. Kwa hiyo anayependekeza nusu upana aseme wazi mahandaki atayafanyaje.

Kama nusu upana haikwepeki, nakubali kwa sharti moja: magari yanayokutana yatenganishwe. Waswidi walianza mwaka 1998 kugeuza barabara zao za upana wa mita 13 kuwa njia tatu zenye uzio wa kamba za waya katikati. Upande mmoja unapata njia mbili kwa kilomita moja hadi mbili na nusu, kisha zamu inahamia upande mwingine. Vifo vya kugongana uso kwa uso vilishuka sana, na barabara haikuongezwa upana.

Mpangaji wa barabara

Sharti lako nalipokea, mhandisi, na kuhusu mahandaki sina ubishi. Ila tuseme gharama yake. Upande mmoja wa kawaida una lami ya mita 7.3, bega la nje la mita 3 na la ndani la mita 1, jumla mita 11.3. Kufika 13 ni kuongeza mita za mraba 1,700 kwa kila kilomita. Naona zinalipa, maana upande wa pili ukija, mita hizo 13 zinatosha njia tatu za kwenda upande mmoja.

Kuna kasoro moja ambayo lazima itatuliwe kwenye michoro. Pale penye njia moja unabaki na kama mita 4.75 kati ya kamba na ukingo. Lori lina upana wa karibu mita 2.5. Likiharibika humo, lori jingine halipiti, na gari la zimamoto halifiki. Kwa hiyo ziwekwe sehemu za kufungulika kwenye kamba kila baada ya kilomita chache, pamoja na vituo vya kusimama dharura nje ya lami. Hivi vikiachwa ili kubana bajeti, uzio utaondolewa wiki ya kwanza ya malalamiko.

Mhandisi wa udongo

Wote wawili mnazungumza kana kwamba chini kuna ardhi ngumu. Kwenye mabonde ya udongo laini wa mfinyanzi nusu upana ni kosa, na huwa haligunduliki hadi awamu ya pili.

Tuta la mita 6 linakandamiza ardhi kwa takriban kilopaskali 120. Udongo huo ukijaa maji haubonyei papo hapo. Lazima kwanza maji yatoke, na hutoka polepole, kama Karl Terzaghi, mwanzilishi wa sayansi ya udongo wa ujenzi, alivyoonyesha mwaka 1925. Muda hukua kwa mraba wa urefu wa njia ya maji. Ndiyo maana tunashindilia ardhini mikanda ya plastiki ya kuvuta maji, kila moja ikikaa mita 1 hadi 2 kutoka kwa mwenzake: ukifupisha njia ya maji mara 5, muda unapungua karibu mara 25, na miaka inageuka miezi.

Sasa chukueni tuta la kwanza ambalo limeshadidimia, limetulia, lina lami na magari. Miaka 10 baadaye mnaweka tuta jipya ubavuni. Uzito wake hausukumi chini yake peke yake, unaenea pembeni na kuingia chini ya tuta la zamani. Ukingo wa ndani wa barabara ya zamani unashuka, wa nje unabaki. Mnapata ufa mrefu unaofuata barabara, sambamba na ukingo, maji ya mvua yanaingia humo, na msingi unalainika. Kwenye daraja hali ni mbaya zaidi, kwa sababu udongo unaoshuka unazivuta chini nguzo zilizochimbiwa na kuzisukuma pembeni.

Dawa zipo: kuchonga ngazi kwenye ubavu wa tuta la zamani kabla ya kumwaga kifusi kipya, kulaza geogridi (wavu imara wa plastiki) ukivuka kiungo cha matuta mawili, kutumia kifusi chepesi. Zote ni ghali kuliko kumwaga tuta la upana kamili tangu awali na kuliacha nusu yake bila lami. Tuta hilo tupu halipotezi kitu. Linajikandamiza lenyewe kwa miaka yote mnayosubiri fedha, na siku ya kuweka lami halitembei tena. Liwekwe tu udongo wa juu na majani ili mvua isilichimbe, na mifereji isafishwe kila mwaka kama ya upande wenye magari.

Mchambuzi wa fedha

Hesabu ndiyo inayoamua, na hesabu ina masharti. Chukua upana kamili kuwa 100. Nusu upana, kwa masharti mliyoorodhesha, inafika 60. Awamu ya pili haiwi 40, tuseme 55, kwa sababu mkandarasi anahamisha mitambo upya, anajenga michepuko, anafanya kazi karibu na magari. Viwango hivi ni vya mfano.

Kwa riba ya asilimia 10, 55 ya kulipwa baada ya miaka 10 ina thamani ya leo ya 21.2, yaani ukiweka 21.2 leo kwa riba hiyo, itafika 55 wakati huo. Jumla ni 81.2, umeokoa. Ukilazimika kuijenga baada ya miaka 5, jumla ni 94.2. Baada ya miaka 3 inakuwa 101.3, yaani umeshapata hasara. Na ukitumia riba ya asilimia 4, hata ukisubiri miaka 10 jumla ni 97.2, faida imebaki kiduchu na sijahesabu ajali wala muda wa foleni. Kwa hiyo kabla ya kubishana juu ya njia mbili au nne, nileteeni makadirio ya trafiki. Palipo na dalili kwamba barabara itajaa ndani ya miaka 4, jenga kamili.

Tena si lazima jibu liwe moja kwa urefu wote. Kilomita za kutokea mji mkubwa hujaa mapema, za katikati huchelewa.

Mhandisi wa usafirishaji

Hapo nakuunga mkono, na ndipo vipande vinapofaa. Kosa la vipande ni mahali vinapokomea. Kipande kiishe kwenye barabara kuu iliyopo, yenye uwezo wa kupokea magari, kisiishie kwenye mpaka wa mkoa kwa sababu ndipo mkataba umefika. Mfano: magari 1,400 kwa saa yanafika kwenye makutano ya muda yanayopitisha 1,200. Kila saa 200 yanabaki. Baada ya saa 2 ni magari 400, na kila moja likichukua mita 7.5, foleni ya njia moja ni kilomita 3. Foleni hiyo inaanzia mahali ambapo dereva ametoka kwenye kasi ya 120 bila kutarajia kusimama.

Mipaka ya mikataba nayo ifuate hesabu ya udongo. Udongo unaokatwa mlimani ndio unaojaza bonde linalofuata. Ukitenganisha mlima na bonde katika mikataba miwili ya awamu tofauti, mkandarasi wa kwanza anachimba mashimo ya kifusi pembeni, na wa pili anatafuta pa kumwaga udongo uleule uliohitajika miaka mitano nyuma.

Mhandisi wa lami

Niongeze mawili. La kwanza ni mteremko wa upande. Barabara ya njia mbili kwa kawaida hupewa mgongo katikati, maji yamwagike pande zote. Upande mmoja wa barabara ya njia nne hutega upande mmoja tu, wa nje. Ukijenga awamu ya kwanza na mgongo, siku ya kugeuza itabidi ukingo wa ndani upandishwe: kwa lami ya mita 7.3 na mteremko wa asilimia 2.5, ni sentimita 18. Hizo unaziweka pia juu ya madaraja ambayo hayakusanifiwa kuubeba uzito huo, na uzio wa chuma unabaki mfupi. Tega upande mmoja tangu siku ya kwanza.

La pili, msipunguze unene wa lami mkasema mtaongeza awamu ya pili. Majaribio makubwa ya barabara yaliyofanyika Ottawa, Illinois, mwaka 1958 hadi 1960 ndiyo yaliyotupa kanuni kwamba uharibifu hukua takriban kwa kipeo cha nne cha uzito wa ekseli (mhimili wa magurudumu), yaani uzito ukiwa mara mbili, uharibifu ni mara 16. Ekseli ya tani 10 inaharibu mara 2.4 ya ile ya tani 8, na ya tani 13 karibu mara 7. Kwenye nusu upana malori yote ya upande mmoja yanakanyaga mstari mmoja. Lami nyembamba inapasukia chini, mahali usipoona, na ukimwaga tabaka jipya juu ya nyufa hizo, zinapanda hadi juu.

Mpima ardhi

Ardhi ya upana wote ilipwe fidia sasa, na vigingi vya zege viwekwe kila mita 100 na kwenye kila kona, pande zote mbili. Hifadhi ya barabara isiyo na alama hujengwa nyumba, na fidia hulipwa mara ya pili. Tafadhali pia kila nguzo iliyochimbiwa, kila kalavati na kila kebo ichukuliwe viwianishi vyake (namba za mahali ilipo hasa) kabla haijafukiwa, vikiwa vimefungwa kwenye nguzo za upimaji zilizo nje ya eneo la ujenzi. Michoro ya usanifu haitoshi, kwa kuwa nguzo nyingi husogezwa site. Mkandarasi wa awamu ya pili atakapoleta mtambo wa kutoboa, atahitaji kujua zilipo hasa.