Tupeane uzoefu: kuku na damplingi za Kusini mwa Marekani (vipimo, moto na makosa)

Mwanzisha mada
Wakuu, chakula chenyewe ni kuku aliyechemshwa mpaka nyama ikaachia mfupa, kisha vipande vya unga wa ngano, ndizo damplingi, vikaivishwa ndani ya supu yake. Anayejua vipopoo vya Pwani ameshaelewa nusu ya kazi: unga unaivia kwenye majimaji, na unga huohuo ndio unaoyafanya yawe mazito. Ila hapa hakuna nazi, iliki wala sukari. Wenyewe wana aina mbili na hawapatani: bapa, zinazosukumwa na kukatwa vipande, na za kudondosha, zinazochotwa kwa kijiko zikaumuka. Anayechangia aseme ni aina gani, maana kanuni ya moja inaiharibu nyingine. Leteni vipimo na sababu, hadithi za bibi tuziweke kando.

SupuKwanza
Kuku mzima wa kilo 1.5 hadi 1.8, maji baridi lita 3, kitunguu kimoja, karoti 2, mashina 2 ya seleri, chumvi vijiko vya chai 2, pilipili manga punje 10. Ikianza kuchemka engua povu, punguza moto mpaka vibaki viputo vya kupanda kimoja kimoja. Ukiacha ichemke kwa fujo, mafuta yanajichanganya na maji, supu inakuwa tope na kidari kinakakamaa.

Kuku wa kisasa dakika 50 hadi 60. Mapishi ya zamani yalitumia tetea mzee, na kwetu anayemkaribia ni kuku wa mayai aliyemaliza kutaga: saa 2 hadi 3, lakini supu yake ni nyingine kabisa. Toa kuku, chambua nyama, rudisha mifupa kwa dakika 30, chuja. Unataka ibaki kama lita 2. Mafuta yanayoelea engua uyahifadhi, msiyamwage jamani, yanaingia kwenye unga. Nyama inarudi dakika 5 kabla ya kuepua; ikikaa muda wote inageuka nyuzi.

Bapa_Tu
Unga gramu 300, chumvi kijiko cha chai 1, mafuta ya kuku yaliyoganda au siagi gramu 60, supu iliyopoa mililita 140 hivi. Fikicha mafuta kwenye unga mpaka iwe kama chenga, mimina supu kidogo kidogo, shikanisha donge. Usilikande kama la chapati: mara nane au kumi inatosha. Funika dakika 30. Bila kupumzika, ukilisukuma linajirudi, utaishia na vipande vinene.

Sukuma mpaka milimita 3. Kata upana sentimita 2.5, urefu 5. Nyunyizia unga, acha vikauke juu ya kibao dakika 20. Unga uliobaki juu yake usiukung'ute, ndio utakaoongeza uzito wa supu. Supu iwe inachemka sawasawa ndipo utumbukize kimoja kimoja, ukizunguka sufuria. Ukimwaga vyote kwa mpigo vinagandana kuwa donge. Usikoroge. Sukumia chini kwa mgongo wa mwiko au tikisa sufuria. Dakika 12 hadi 15. Kata kimoja: ukiona mstari mweupe wa unga katikati, bado.

Mashariki mwa North Carolina aina hii huitwa chicken pastry. Na karoti na njegere ndani ya bakuli? Kwa watu wa bapa hiyo ni supu nyingine.

MgeniJikoni
Zikiwa ngumu kama mpira kosa liko wapi? Na zikiyeyuka?

Bapa_Tu
Mpira: umekanda sana, au umetumia unga mgumu, wenye protini nyingi. Kuyeyuka: donge lilikuwa na maji mengi, au supu ilikuwa ya vuguvugu. Nje inatakiwa ishikane mara inapogusa supu, la sivyo unapata uji wenye kuku.

KijikoKimoja
Sasa za kudondosha. Unga gramu 240, beking pauda vijiko vya chai 3, chumvi robo tatu ya kijiko cha chai, siagi baridi gramu 60, mtindi mililita 180 hadi 200. Hamira si mbadala wa beking pauda, naona watu wanachanganya. Hamira inahitaji muda wa kuumua. Hapa unga unaingia sufuriani papo hapo.

Fikicha siagi, mimina mtindi, geuza kwa uma mpaka unga mkavu usionekane, basi. Mabonge madogo hayana shida. Usiusubirishe, beking pauda imeshaanza kazi. Dondosha kijiko kikubwa kimoja kimoja juu ya supu inayotokota taratibu, acha nafasi kwa sababu vitonge vinavimba karibu mara mbili. Tumia sufuria pana, si ndefu.

Funika dakika 15 na usifunue. Chini kunaivishwa na supu, juu kunaivishwa na mvuke. Ukifunua, mvuke unatoka, vitonge vinasinyaa na katikati panabaki unga mbichi. Moto mkali nao hapana, vinapasuka. Chomeka kijiti: kikitoka kikavu, epua.

UngaLaini
Hakuna aliyeeleza aina ya unga, na ndiko tofauti ilipo. Kusini hupenda unga wa ngano laini. White Lily, ulioanzia Knoxville, Tennessee, mwaka 1883, ndio maarufu. Protini yake ni kama asilimia 8 hadi 9, kwa hiyo donge halivutiki sana. Unga wetu wa chapati ni mgumu zaidi. Kwa kila kikombe toa vijiko vikubwa 2 vya unga, weka konflawa badala yake, chekecha pamoja. Mlioko Marekani someni pakiti: self-rising tayari ina beking pauda na chumvi. Ukiongeza zako, vitonge vinaacha ladha chungu ya dawa na chumvi inazidi.

MgeniJikoni
Vikilala mpaka kesho?

SupuKwanza
Vinakunywa supu yote. Weka pembeni nusu lita kabla ya kupakua, uiongeze wakati wa kupasha, moto mdogo. Ingiza kwenye friji ndani ya saa 2, kula ndani ya siku 3.

Bapa_Tu
Za kudondosha kesho yake zinavurugika, ziishe siku hiyohiyo. Bapa unaweza kuzigandisha mbichi: zipange kwenye sinia bila kugusana, zikishakuwa ngumu zitie kwenye mfuko wa friza. Siku ya kupika ziingie kwenye supu zikiwa barafu hivyohivyo, maana zikiyeyuka zinanata. Ongeza dakika 3.