Geti la godauni limefungwa siku ya nne, OCS (mkuu wa stesheni ya polisi) ataka oda ya korti. Nianzie wapi?

BabaMalori
Salaam wakuu. Nina godauni ndogo huku Changamwe, twapakua makontena twatuma mizigo bara. Makuli wangu 31 wamejiunga na chama, sina neno na hilo, lakini waliokaa getini wengi siwajui, wameweka mawe na mabenchi, lori haliingii halitoki, na juzi dereva kavunjiwa kioo. Nimeenda stesheni OCS akaniambia hayo ni mambo ya kazi, leta oda. Makontena mawili yashaanza kula demareji, yaani ada ya kuchelewesha makontena. Oda yapatikana vipi, na polisi wataifuata ama nitabaki na karatasi mkononi?

KaraniWaWakili
Pole sana ndugu. Nenda Korti ya Ajira na Mahusiano ya Kazi, ipo hapo Mombasa. Wakili apeleka ombi kwa cheti cha dharura, jaji akiridhika aweza kutoa amri za muda hata kabla chama hakijasikizwa halafu apanga tarehe ya pande zote. Angalia Sheria ya Mahusiano ya Kazi ya 2007 kifungu 76, mgomo lazima mzozo uwe umepitia usuluhishi ukashindikana, na upewe notisi ya maandishi ya siku 7, wewe na waziri. Kama hayo hayakufuatwa, wakili aangalie kifungu 77, ndicho cha kuomba korti izuie mgomo. Ila tafadhali tofautisha mgomo na kufunga njia. Kugoma ni haki, Katiba kifungu 41, na cha 37 chawaruhusu kusimama hapo nje na mabango bila silaha. Usiombe wafukuzwe, omba njia iachwe wazi.

Kipsang_Nax
Yalinikuta Nakuru. Oda ya kwanza ilisema tu polisi wadumishe amani, basi ikaja Land Rover moja ikaegesha ng'ambo ya barabara mpaka saa kumi ikaenda zake, geti bado limefungwa. Tukarudi kwa jaji, ya pili ikataja OCS wa stesheni gani, watu wakae umbali gani na malori yapite saa ngapi, hapo ndio walifanya kazi. Peleka nakala yenye muhuri, wakugongee stempu ya kupokea, iandikwe OB, kile kitabu cha matukio cha stesheni, uchukue namba. Na chama pia wapelekewe, kama huna ushahidi kwamba waliipata huwezi kusema wamedharau korti.

MamaShifti
Mimi ni mwakilishi wa wafanyikazi mwaka wa tisa huu. Mawe na kioo sitetei hata kidogo. Lakini kaka, hao wapakiaji 31 wamejiunga, je umekitambua chama, yaani umekubali kujadiliana nacho? Kifungu 54 chasema kikiwa na wengi kati ya wanaostahili kujiunga ni lazima ukitambue, si hisani. Kwetu mwajiri alikimbilia korti kabla hajajibu barua yetu hata moja. Polisi wakaja na rungu, aliyevunjwa mkono ni mama wa chai, hakuwa hata na bango. Malori yalipita siku hiyo, sawa, lakini sisi hatukurudi wiki tatu na mzigo ukakaa ndani hivyo hivyo.

BabaMalori
Dada umenigusa. Barua ya kutambua chama ililetwa mwezi wa tatu, nikaweka kwenye droo nikisema nitaisoma, sikuisoma. Wakili apeleka ombi kesho asubuhi, nimemwambia aandike njia tu, na kwamba waliokaa kando kwa amani wasiguswe. Sasa nikiijibu hiyo barua leo, si itaonekana nimekubali geti lifungwe?

KaraniWaWakili
Hapana, ni vitu viwili tofauti kabisa. Ijibu leo hii, na nakala ya barua hiyo iambatanishwe kwenye hati yako ya kiapo, maana chama wataitoa tu, afadhali jaji aione kwako kwanza.

MamaShifti
Na ukienda kupeleka jibu nenda mwenyewe hapo getini, usimtume karani.