Kinyago kimefungwa kanga mapokezi: mchongaji ahukumiwe kwa ndoto?

Mkazi wa Sinza: Wanajamvi, salaam. Ofisi moja huku Posta ina kinyago cha mpingo mapokezi, shetani wa Kimakonde: jicho moja, ulimi nje, ziwa moja limeshuka hadi gotini na mwenyewe kalikumbatia. Wateja wamelalamika, sasa kimefungwa kanga shingoni hadi miguuni. Mtindo huu ulishika hapahapa Dar miaka ya 1950, ukihusishwa na Samaki Likankoa na mfanyabiashara aliyenunua kazi zake, Mohamed Peera. Kwangu mimi hizo ni ndoto zilizochongwa: tamaa, hofu, mwili usiojulikana ni wa mtu au wa mnyama. Nani amewahi kushtakiwa kwa ndoto?

Ustadh Ilala: Ndugu yangu, mfano wako unakugeuka. Kweli aliyelala kalamu imeinuliwa kwake mpaka aamke. Akiota yuko na mke wa jirani hana dhambi, ataoga janaba, basi. Lakini tumefundishwa ndoto ni za aina tatu: bishara kutoka kwa Mungu, ya shetani ya kukuhuzunisha, na ya mtu kuzungumza na nafsi yake. Ndoto mbaya humsimulii mtu. Sasa huyu kaamka, kanywa chai, kashika tezo, kachonga, kauza. Hapo kalamu imesharudi.

Binti wa Mlimani: Sigmund Freud, daktari wa mambo ya nafsi, alidai ndoto ni matamanio yanayotimizwa kwa kificho, akili inayavisha sura nyingine ili yapite. Basi yule wa jicho moja tayari ana kanga yake. Mmemvalisha ya pili.

Fundi Mwenge: Mnamsema mchongaji kama hayupo. Mteja akitaka ujamaa, ule mnara wa watu waliobebana, nachonga, akitaka shetani nachonga. Gogo lenyewe linaongoza: likipinda, ulimi, penye kifundo, ziwa. Mambo ya nafsi waulizeni wanunuzi.

Mkazi wa Sinza: Fundi, hapo sikubali. Kifundo kingeweza kuwa goti, au mtoto mgongoni. Wewe uliona ziwa, na mwenzako angeona kingine. Huko ndiko unakojulikana wewe ni nani. Ustadh, sawa, kaamka. Ndiyo maana namtetea, aliyelala hana haja ya wakili. Kinachonikera ni mtu mmoja kuamua kwa niaba ya wote kipi kionekane. Carl Jung, mwanasaikolojia wa Uswisi, alipofika Mlima Elgon, mpakani mwa Kenya na Uganda, mwaka 1925 alimuuliza mganga mzee habari za ndoto. Mzee, machozi yakimlenga, akamwambia tangu wazungu waje hakuna anayeota tena, kwa kuwa Waingereza wanajua kila kitu.

Dada wa mapokezi (si ofisi hiyo!): Kwetu kuna mchoro wa Tingatinga, chui na ndege, hakuna anayelalamika. Ila na mimi ninayekaa mbele yake kutwa nzima hakuna aliyeniuliza napenda nini.

Ustadh Ilala: Dada kasema jambo. Na wewe Mkazi, mzee wa Elgon alililia ndoto zilizowaambia watu wake kama vita vinakuja, kama kuna maradhi, mvua itanyesha lini na ng'ombe wapelekwe wapi. Usimtie kwenye kesi ya ziwa. Mimi sijasema kichomwe. Kipelekwe ghorofani, mwenye hamu apande ngazi. Mapokezi wanapita watoto na wakwe.

Fundi Mwenge: Kikishushwa bei nipigieni.