Ziara "praiveti" ya Angkor tukiwa watu wanane: dola 160 zimekwenda na hekalu sikuliona

Salaam wakuu. Uzi ni mrefu. Asiyetaka kusoma apite, ila anayefikiria kwenda Kamboja kuona mahekalu ya Wakhmer akae kitako.

Kwanza mnijue. Mimi natembeza wageni Mji Mkongwe, Zanzibar, huu mwaka wa tisa, leseni ninayo na beji ninayo. Kwa hiyo siongei kama mtalii aliyekosa kiyoyozi. Naongea kama mtu wa kazi hiyohiyo, niliyechezewa mchezo ninaoujua nje ndani, na bado nikaingia mkenge kama mgeni aliyeshuka boti asubuhi. Ndiyo maana wiki ya pili hii hasira hazijanishuka.

Mke wangu hufuata mzigo wa nguo Bangkok. Safari hii tukasema tuongeze siku nne, turuke hadi Siem Reap, mji wa Kamboja ulio jirani na mahekalu ya Angkor, ndege yenyewe ni kama saa moja. Nikatafuta mtandaoni, nikapata kampuni (siitaji jina, mods msinifungie uzi). Maelezo yao nimeyapiga picha yote: ziara binafsi, gari lenu peke yenu, mwongozaji mwenye leseni, macheo kwenye hekalu kuu la Angkor Wat, halafu mahekalu ya Bayon, Ta Prohm na Banteay Srei, chakula cha mchana halali, "viingilio vimeshughulikiwa". Dola 160 kwa watu wawili. Nikalipa kwa kadi, yote, kabla ya safari. Hilo kosa langu, msinikumbushe.

Tulikubaliana watufuate saa kumi na nusu alfajiri. Tukakaa kwenye ngazi za hoteli mpaka saa kumi na moja na dakika kumi. Ikaja haisi. Mlango ukafunguliwa, ndani kuna watu wanne wamelala midomo wazi. Nikamwambia dereva umekosea hoteli, sisi ni praiveti. Akanionyesha karatasi, jina langu lipo. Tukapita hoteli nyingine, wakapanda wawili, tukawa wanane. Nikauliza praiveti iko wapi, nikajibiwa kwamba praiveti maana yake si basi kubwa. Wallahi alisema hivyo, na hakucheka.

Kisha tiketi. Tiketi za Angkor haziuzwi mlangoni mwa hekalu, zinauzwa kwenye kituo chao maalumu, unapigwa picha hapohapo na uso wako unachapwa kwenye tiketi. Siku moja ni dola 37, siku tatu dola 62, siku saba dola 72, kila mtu. Nikasimama pembeni nikisubiri wenye kampuni walipe. Hakuna aliyesogea. "Viingilio vimeshughulikiwa" maana yake, kumbe, ni kwamba wanakufikisha dirishani! Nikatoa dola 74 nyingine pale pale. Mke wangu kwenye picha ya tiketi kafumba macho, mimi nimekunja uso kama nimekamatwa na polisi.

Na hapa ndipo kampuni ya kweli ingejulikana. Tiketi ukiinunua baada ya saa kumi na moja jioni inahesabiwa ya kesho yake. Wangetupeleka jana yake jioni, dakika ishirini, asubuhi tungepita moja kwa moja. Mimi wageni wangu siwapangishi foleni asubuhi kwa jambo linalowezekana jana yake. Hiyo ndiyo kazi yenyewe, mengine ni kubeba mwavuli.

Tulipofika kwenye handaki la maji la Angkor Wat, lile lenye upana wa mita 190, jua limeshapanda na wenzetu waliokuja kuona macheo wanarudi wanakula mikate. Hekalu lile limeelekea magharibi, ndiyo maana macheo yake ni mazuri: jua linatokea nyuma ya minara. Sisi tulikuta linatuchoma machoni.

Mwongozaji sasa. Kijana mdogo, fulana ya mpira. Waongozaji wenye leseni pale wanatambulika, wana shati la sare na beji. Wa kwetu, tulipokaribia wakaguzi, akatusogelea na kunong'ona: mkiulizwa, semeni mimi rafiki yenu. Mke wangu akanigeukia akasema, "Rafiki tuliyesoma naye wapi, Wete?" Nilitaka kucheka, nikashindwa. Mimi nimekimbizana na watu wa namna hii miaka yote, papasi anayedakia wageni Forodhani na kuwaambia kila mlango uliochongwa ni wa sultani. Leo nimevuka bahari kwenda kumlipa mmoja.

Angkor Wat tulipewa dakika hamsini. HAMSINI. Jengo alilolianzisha mfalme Suryavarman wa Pili karne ya 12, kwa ajili ya Vishnu, mungu wa Kihindu, hadi leo liko kwenye bendera ya nchi yao. Katika hizo hamsini, ishirini ziliishia kwenye kidimbwi cha kupigia picha za kivuli cha minara. Nikamwomba atupeleke upande wa mashariki nione mchongo wa kukoroga bahari ya maziwa, ile hadithi ya Kihindu ya miungu na mashetani. Nilikuwa nimeusoma usiku kucha. Akasema huko ni mbali, na ni giza. Giza, saa moja asubuhi!

Nikauliza basi tupande juu kabisa, kwenye minara. Akasema leo juu kumefungwa, siku ya ibada ya Kibudha. Na ni kweli, siku za ibada juu hufungwa, ndiyo maana uongo wake ulikuwa wa kitaalamu. Shida ni kwamba nilikuwa naangalia juu ya bega lake, naona watu wanapanda ngazi mmoja mmoja, wameshika reli, na walinzi wanawaruhusu. Nikamwonyesha kwa kidole. Akajifanya kupokea simu.

Baadaye nikaelewa. Juu huruhusiwi kupanda ukiwa umeacha mabega au magoti wazi. Mke wangu yuko na baibui lake, hana mjadala. Lakini vijana watatu wa kwenye haisi walivaa kaptula, na hakuna aliyewaambia kabla. Sasa angewaacha wapi? Dawa ikawa kutufungia hekalu sote. Ndiyo maana watu hulipa zaidi wapate ziara yao peke yao, jamani: kaptula ya mtu mwingine isikuharibie siku.

Bayon tulizunguka mbio, nyuso za mawe zinatuangalia kwa upole kama zinatuonea huruma. Ta Prohm, penye ile miti iliyokalia mapaa kama pweza, maelezo yote yalikuwa hivi: "Hapa ilipigwa filamu ya Hollywood, simameni niwapige picha." Basi. Mahali ambapo mfalme Jayavarman wa Saba alijenga kwa heshima ya mama yake mwaka 1186, na jiwe la maandishi la humo linahesabu watu 12,640 waliokuwa na haki ya kukaa ndani ya kuta zake. Hayo niliwaeleza mimi wale watu wa haisi. Mmoja akaniuliza kama mimi ndiye mwongozaji wa mchana.

Halafu maduka. Kwanza hariri, kisha fedha, kisha vito. Duka la kwanza, tunashuka tu, nikamwona binti mlangoni anaandika namba ya gari kwenye daftari. Nikasimama. Daftari lile nalijua. Na sisi tunalo, tusidanganyane, wapo Mji Mkongwe wanaowazungusha wageni kwenye maduka ya vinyago mpaka miguu ivimbe ili mwisho wa siku wachukue cha juu. Nami mwaka wangu wa kwanza nimewahi. Lakini nilikuwa naingiza mgeni duka moja, dakika kumi, njiani. Hawa wametuweka madukani saa nzima na robo, muda mrefu kuliko Angkor Wat yenyewe. Nilipiga hesabu nikiwa nimekaa kwenye kigoda mbele ya mikanda ya hariri, naletewa chai ya tangawizi nisiyoiomba.

Chakula halali? Wakatuingiza kwenye mgahawa ambao ukurasa wa kwanza wa menyu ni nguruwe. Nikauliza, wakanijibu kuku wapo. Tukala wali mweupe na ndizi.

Saa tisa mchana nikauliza Banteay Srei vipi. Nikaambiwa mbali sana, muda hautoshi, ila kama tunataka tuongeze dola 25. Muda wa kwenda haupo, lakini ukitoa dola 25 unapatikana! Na jioni mlangoni kwa hoteli, yule "rafiki yetu" akasimama mkono mbele akitaja bakshishi ya dola 20, kwa sauti ya kusikika mapokezi. Sikumpa. Nilimpa dereva tano, kwa sababu yeye angalau aliendesha.

Kesho yake tukaamua hatuwezi kuondoka hivi. Tukanunua tena tiketi za siku moja. Fanyeni hesabu: tumelipa 37 mara mbili, yaani 74 kwa kichwa, wakati ya siku tatu ni 62 na hulazimiki kuitumia siku mfululizo. Wawili sisi tumetupa dola 24 kwa sababu kampuni iliniandikia kwamba "siku moja inatosha kabisa". Katika kila tiketi dola 2 zinakwenda hospitali za watoto za Kantha Bopha, hizo tu ndizo nisizozilalamikia.

Safari hii mapokezi walituitia mama mmoja, mtu mzima, shati la sare, beji, dola 45 kwa siku, na bajaji yao ile ya pikipiki inayovuta kigari. Kitu cha kwanza aliuliza: jana mliona nini, mlikosa nini? Akatuingiza Angkor Wat kwa lango la mashariki. Hakuna mtu. Ndege wanalia mitini, sisi watatu na mfagiaji mmoja.

Mchongo ule ndio huohuo niliokatazwa, na umekaa upande huohuo wa mashariki. Karibu mita 49 za ukuta mmoja. Mashetani 92 upande mmoja, miungu 88 upande wa pili, wamemshika nyoka kama wanafunzi wanavyovuta kamba siku ya michezo, na Vishnu katikati ndiye anayesimamia. Mama yule hakusema mengi. Alisema tu, angalia miguu. Nikaangalia: kila mmoja kajikaza kisigino, na chini yao samaki na mamba wamekatika vipande kwa nguvu ya mkorogo. Mahali pengine jiwe limeng'aa kama kaunta ya duka kwa sababu ya mikono ya watu. Nilikaa pale dakika arobaini. Hakuna aliyeangalia saa. Tukapanda na juu, ambako "kulifungwa".

Bayon alitupitisha kuta za nje, ambazo jana hata sikujua zipo. Humo hakuna miungu tu, kuna watu na shida zao: soko, jogoo wanapiganishwa, mama anajifungua, jamaa anabeba mzigo na kobe kamng'ata makalio. Na jikoni, mtu anachoma nyama kwenye vijiti. Mishikaki, wakuu! Miaka mia nane. Mke wangu alicheka mpaka akakaa chini.

Chakula alitupeleka mjini karibu na msikiti, kwa Waislamu wa Kichamu, supu ya ng'ombe na wali. Kumbe halali ipo muda wote. Mchana tukaenda Banteay Srei, jiwe jekundu lililochongwa kama mbao za mlango wa kwetu, limewekwa wakfu mwaka 967, na tulirudi mjini kabla ya magharibi.

NYONGEZA: Aliyeniuliza kwa nini sikumripoti yule kijana kwa wakaguzi. Niliwaza. Nikaona yeye kapewa dola kumi na kamisheni ya duka, mwenye dola 160 zangu hakuwepo hata kwenye haisi.

NYONGEZA 2: Kampuni imejibu baada ya siku sita. "Mteja wetu mpendwa", kisha wakasema neno binafsi wanamaanisha "kundi dogo", na wananipa punguzo la asilimia 10 kwa ziara ijayo. Ijayo lini, kwa nauli ya nani? Jana wakaongeza kwamba watanirudishia dola 30 nikifuta maoni niliyoweka kwenye ukurasa wao. Sifuti.

Sasa swali langu kwenu: kuna aliyewahi kwenda benki hapa Tanzania kupinga malipo ya kadi aliyoyafanya kwa kampuni ya nje? Ninazo picha za tangazo lao, ujumbe wote, na picha ya haisi yenye vichwa nane. Benki yangu wananiambia nijaze fomu, ila dada wa kaunta hakujua fomu ipi. Mwenye kujua jina la hiyo fomu aliandike hapa chini, nakwenda Jumatatu.