Tupeane uzoefu: ulipopiga hesabu ya chuo binafsi, ni gharama gani hukuiona?

Kaka Mkubwa (mwanzisha mada)

Wakuu, salaam. Mdogo wangu amepata udahili chuo binafsi na mimi ndiye msomeshaji. Barua imekuja na mchanganuo wa ada, na nyumbani kila mtu anautazama ule mstari wa mwisho akidhani ndiyo gharama ya kusoma. Mimi siuamini, kwa sababu niliwahi kuuamini.

Kozi yangu ilikuwa ya miaka 3. Mzee aliuza kiwanja, akapata fedha iliyotosha ada ya miaka 3 kamili kama ilivyoandikwa kwenye barua. Tukaona tumemaliza kazi. Tuseme ada ya mwaka ilikuwa 100, basi tulikuwa na 300. Kumbe juu ya kila 100 kulikuwa na kama 18 nyingine za lazima: usajili, mitihani, kitambulisho, bima ya afya, umoja wa wanafunzi, maktaba. Mwaka wa kwanza ukala 118. Mwaka wa 2 ada ikapanda kwa asilimia 7, nikalipa 125. Nilipoingia mwaka wa 3 nilikuwa na 57 mkononi, nikalipia muhula mmoja, fedha ikaisha. Nikaahirisha masomo mwaka mzima nikiwa nimebakiza muhula mmoja. Wenzangu walivaa joho, mimi nikiwa kibaruani natafuta nusu ada.

Sitaki hayo yampate binti huyu. Naomba kila aliyesoma au kusomesha aeleze kilichomkuta kweli, hasa kitu ambacho hakikuandikwa popote.

Mama wa Watatu

Pole sana kaka, na hongera kwa kumbeba mdogo wako. Nimesomesha watatu, wawili kati yao vyuo binafsi. Kwa wa kwanza nilikwenda kuuliza ofisini, nikapewa karatasi. Kwa wa pili niliwatafuta wanafunzi wenyewe, mmoja wa mwaka wa 2 na mmoja wa mwaka wa mwisho wa kozi hiyohiyo, nikawaomba wanitajie kila walichotoa tangu walipofika. Nilijaza kurasa mbili za daftari, na nusu ya vitu hivyo havikuwamo kwenye karatasi ya ofisi.

Nitakutajia vilivyoniuma.

Cha kwanza ni miezi. Chuo kinakadiria matumizi kwa miezi ya masomo, 8 au 9. Lakini mwenye nyumba anataka kodi ya mwaka, na mtoto anakula miezi 12. Tafuta gharama ya hiyo miezi 3 au 4 ya tofauti uizidishe kwa miaka ya kozi, utaona ni fedha gani.

Cha pili ni mafunzo kwa vitendo. Mwanangu alipangiwa mji mwingine kwa wiki 8. Chumba cha chuoni nilikuwa nimeshakilipia muhula mzima, na kule alikokwenda nikapanga kingine. Vyumba viwili kwa mtoto mmoja, nauli ya kila siku, na mavazi ya kazini. Hakulipwa chochote.

Cha tatu ni mwaka wa mwisho. Watu wengi hudhani mwaka wa mwisho ni mwepesi kwa kuwa umezoea. Kwangu ndio uliokuwa mzito kuliko yote: utafiti, kwenda kukusanya takwimu, kuchapa, kurudia kuchapa baada ya msimamizi kusahihisha, kujalidi nakala kadhaa, kisha ada ya mahafali, joho, cheti na nakala ya matokeo. Kwenye daftari langu mwaka wa mwisho ulizidi mwaka wa 2 kwa karibu robo.

Kama anasoma kozi ya afya, uhandisi, usanifu au sanaa, uliza vifaa kimoja kimoja na ni vya mwaka gani. Usikubali jibu la "vifaa vya kawaida".

Mhitimu 4.2

Omba ada za kozi hiyo za miaka 4 iliyopita, usiombe ya mwaka huu peke yake. Ndipo utajua huwa inapanda kwa kasi gani. Ikipanda asilimia 5 kila mwaka, ada ya 100 inakuwa 105, halafu 110.25, halafu 115.76. Kozi ya miaka 4 ni 431, si 400. Ikiwa asilimia 8, ni karibu 451. Na uliza kama mwanafunzi aliyekwisha kuanza hubaki na ada aliyoingia nayo. Vipo vyuo vinavyofanya hivyo, na kwa familia yenye kipato kisichobadilika hilo ni jambo kubwa.

Nusu Ada

Mimi nilipewa punguzo la asilimia 50, tukafurahi nyumbani mpaka machozi. Naeleza ili mwingine asome vizuri.

Nusu ile ilikuwa ya ada ya masomo tu. Ada ilikuwa 100, na gharama nyingine zote, malazi, chakula, nauli, vifaa, zilikuwa 80. Kwa hiyo nililipa 130 badala ya 180, na punguzo halisi ni kama asilimia 28 ya mzigo wote. Chuo cha pili nilichokuwa nimekubaliwa hakikunipa punguzo hata kidogo, lakini ada yake ilikuwa 60 na maisha yake 55. Jumla 115. Nilikwenda ghali nikidhani nimekwenda rahisi, kwa sababu nililinganisha mapunguzo na sikulinganisha jumla.

Na punguzo lilikuwa na sharti: GPA, yaani wastani wa alama zangu, isishuke chini ya 3.5. Mwaka wa 2 niliugua, nikapata 3.4. Barua ya kuliondoa punguzo ilikuja katikati ya likizo. Mama yangu alikopa kwa watu wanne ili nirudi. Kaka Mkubwa, kama mdogo wako ana punguzo lolote, piga hesabu mbili, moja akiwa nalo na nyingine likiwa limeondoka. Kama hiyo ya pili haiwezekani kabisa, jueni mapema.

Dola Kila Mwezi

Angalia ada imeandikwa kwa fedha gani. Yetu ilikuwa kwa dola, mapato yetu ni ya fedha ya nyumbani. Katikati ya kozi dola ilipanda kwa asilimia 20, na ada ambayo chuo hakikuigusa ikawa imepanda asilimia 20. Tangu hapo nikawa nanunua dola kidogo kila mwezi. Sikupata bei nzuri kila mara, ila sikulazimika tena kununua dola zote katika mwezi mmoja mbaya.

Nilikuwa Uhasibu

Nilikaa dirisha la malipo miaka kadhaa, naomba niongee kwa upande huo.

Anayekuja kabla ya tarehe ya mwisho na barua inayosema atalipa kiasi gani na lini, mara nyingi husikilizwa. Anayekuja siku ya mtihani analia, hata mimi niliyemhurumia sikuwa na la kufanya, mfumo umeshamfungia. Kwa hiyo andikeni awamu mapema, na tarehe za awamu zifuate fedha inapoingia nyumbani. Mkipatana, mpate kwa maandishi.

Uliza pia faini ya kuchelewa ni kiasi gani, na mtu akiacha masomo anarudishiwa nini. Kwa kawaida kiasi kinachorudi hupungua kadiri wiki zinavyopita, na baada ya tarehe fulani hakirudi kitu. Nimeona mzazi amelipa mwaka mzima kwa mkupuo, mtoto akahama wiki ya 6.

Risiti zitunzwe zote hadi cheti kitoke. Zote.

Sapu Moja

Somo la kurudia nalo lina ada yake. Nilipata sapu moja, yaani mtihani wa marudio, nikaishindwa, nikalibeba somo hadi mwaka uliofuata, na lile somo lilifundishwa muhula mmoja tu kwa mwaka. Nikaongeza muhula mzima wa kodi na chakula kwa somo moja. Wekeni akiba ya walau muhula mmoja wa ziada.

Baba wa Mbali

Wangu aliomba vyuo binafsi vya Marekani. Kule bei iliyotangazwa na bei unayolipa huweza kupishana sana. Tangu 2011 sheria inavitaka vyuo vinavyopokea fedha za misaada ya serikali kuu viweke kikokotoo cha gharama halisi kwenye tovuti zao. Ni makadirio tu, na vikokotoo vingi vimetengenezwa kwa ajili ya wanafunzi wa kulekule, kwa hiyo mgeni aandikie ofisi ya misaada moja kwa moja. Barua ya msaada ikija, toa kwenye jumla fedha isiyorudishwa tu. Tuliona mkopo umepangwa kwenye orodha moja na ruzuku, tukaujumlisha kama zawadi. Mkopo wa 1,000 wenye riba ya asilimia 10 inayojumlishwa kila mwaka, ukiachwa miaka 4, unadaiwa 1,464.

Halafu kupata fomu ya I-20, ambayo chuo cha kule humpa mwanafunzi mgeni ili aombe viza, kunadai uthibitisho wa fedha za mwaka wa kwanza. Sisi tukapambana na huo mwaka wa kwanza tukasahau kuna mingine 3 nyuma yake.

Mama wa Watatu

Nimesahau: kabla ya hayo yote, hakikisheni kozi yenyewe ina ithibati. Chuo kinaweza kutambuliwa na kozi isitambuliwe.

Kaka Mkubwa

Nimesoma kila mmoja zaidi ya mara moja. Nusu Ada, pole sana, na mfikishie mama salamu.

Jana usiku nilikaa na mdogo wangu tukapiga hesabu upya: miaka 4, ada inayopanda, miezi 12, vyumba viwili wakati wa vitendo, muhula mmoja wa akiba. Imefika mara 1.9 ya jumla ya ada iliyoko kwenye barua. Alinyamaza, kisha akauliza kama tunaweza kulinganisha na chuo cha pili alichokubaliwa, ambacho tulikuwa tumeshakiweka pembeni. Ameshampata mwanafunzi wa mwaka wa 2 wa huko. Jumatatu mimi napiga simu uhasibu wa vyuo vyote viwili kuomba ada za miaka 4 iliyopita, nitaleta majibu hapa.