Marehemu Mwislamu, mdai mmoja Mkristo: mirathi ni ya Kadhi au ya Mahakama Kuu? (Kenya)

msaidizi_sheria:
Wadau, tuchambue mfano huu kwa Katiba ya 2010. Mwanamume Mwislamu amefariki Mombasa bila wosia. Ameacha mke wa nikahi, mtoto wa kiume mmoja na wa kike wawili. Kando yake kuna mama Mkristo aliyeishi naye bila ndoa, wakazaa mvulana na msichana. Familia ya nikahi imeshafungua kesi kwa Kadhi. Kifungu cha 27 kinakataza ubaguzi, cha 24(4) kinakilegeza kwa ajili ya sheria ya Kiislamu. Mama huyu aanzie wapi? Na watoto wake wana fungu?

Bandari_Kuu:
Anza na kifungu cha 170(5) cha Katiba, kinachoweka mipaka ya mamlaka ya Kadhi, maana wengi hukimbilia 24(4) wakati mlango wenyewe hawajaupita. Kadhi anasikiliza mambo manne tu: hadhi ya mtu, ndoa, talaka na mirathi. Hata hayo, ni pale ambapo wahusika wote ni Waislamu *na* wote wamekubali kuhukumiwa naye. Hayo ni masharti mawili, moja halifidii lingine. Mwislamu anaweza kukataa kwa kutokubali. Mkristo hata akikubali bado hafai, kwa sababu sharti la dini halitimizwi na ridhaa. Nimeona watu wakiandika "ameridhia, basi yaendelee." Hapana. Mamlaka ya mahakama hayatolewi na wahusika.

Kwa hiyo huyu mama:
1. Asiwasilishe utetezi wa kiini cha kesi. Afike chini ya pingamizi, yaani bila kukubali mamlaka ya Kadhi, na pingamizi la awali la mamlaka liwe karatasi yake ya kwanza.
2. Aambatanishe hati ya kiapo inayosema dini yake na maslahi yake katika mali. Kuwa mzazi wa watoto wa marehemu kunatosha kuonyesha kwamba si mpita njia.
3. Aombe mirathi isikilizwe Mahakama Kuu. Kifungu cha 5 cha Sheria ya Mahakama za Kadhi, Sura ya 11, kinasema wazi kwamba mamlaka ya Kadhi hayapunguzi ya Mahakama Kuu.
4. Siku hiyohiyo aweke zuio kwenye hati za ardhi katika ofisi ya usajili. Hapa ndipo wengi huumia: wanashinda hoja ya mamlaka huku shamba limeshauzwa.

mwanafikihi_pwani:
Naongezea tahadhari moja kwa ndugu hapo juu. Kuhamia Mahakama Kuu hakumaanishi kuhama sheria ya Kiislamu. Sheria ya Urithi, Sura ya 160, kifungu cha 2(3), inasema mali ya mtu aliyekufa Mwislamu inagawanywa kwa sheria ya Kiislamu. Haijalishi jengo gani. Kinachobaki ni Sehemu ya VII, ya usimamizi wa mirathi, pale isipopingana na dini (2(4)). Wakili anayekwenda Mahakama Kuu akidai kifungu cha 38, mgawo sawa kwa watoto wote, atarudi mikono mitupu.

Hesabu ya faraidhi (mgawo wa mirathi wa Kiislamu), tuseme zimebaki Sh12,000,000 baada ya mazishi na madeni. Mke ana watoto kwa marehemu, hivyo thumni, yaani moja ya nane: 1,500,000. Zinabaki 10,500,000. Kwa watoto wa nikahi pekee ni mafungu manne, mvulana mawili na kila msichana moja: mvulana 5,250,000, kila msichana 2,625,000. Fikihi ya Kisunni haimrithishi kwa baba mtoto wa nje ya ndoa, na mama yule si mke, kwa hiyo kwa njia ya urithi hana kitu.

Bandari_Kuu:
Kwa fikihi, sawa. Kwa Katiba, la. Soma 24(4) polepole: usawa unalegezwa kwa kiwango cha lazima kabisa, mbele ya mahakama za Kadhi, kwa wanaokiri Uislamu. Kila neno pale ni uzio. Na 27(4) imetaja "kuzaliwa" miongoni mwa misingi ya ubaguzi iliyokatazwa. Juni 2025 Mahakama ya Juu, iliyo juu ya Mahakama Kuu na ya Rufaa, ilikataa rufaa iliyotaka watoto wa nje ya ndoa ya Mwislamu waachwe nje ya mirathi. Mtoto hakuchagua mazingira ya kuzaliwa kwake.

Ukiwaingiza wale wawili kwenye hesabu yako, 10,500,000 inakuwa mafungu saba ya 1,500,000: kila mvulana 3,000,000, kila msichana 1,500,000. Hukumu ile ilihusu kuzaliwa nje ya ndoa. Mvulana kupata maradufu ya msichana ni mjadala mwingine, msiuchanganye humu.

mwanafikihi_pwani:
Nimekubali kuhusu hukumu, inafunga mahakama zote za chini. Ila sikubali kwamba pingamizi ni la lazima kila mara. Watoto wakilelewa Kiislamu na kuingia kesini kwa jina lao kupitia mlezi Mwislamu, hoja ya dini inapungua nguvu. Na Kadhi si kikwazo kama watu wanavyodhani: kifungu cha 6 cha Sura ya 11 kinataka mashahidi wote wasikilizwe bila ubaguzi wa dini wala jinsia, na ukweli upimwe kwa uzito wa ushahidi, si idadi ya mashahidi.

msaidizi_sheria:
Shukran wote. Na yule mama Mkristo, ikiwa alichangia kununua nyumba na marehemu?

Karatasi_Safi:
Hilo si mirathi hata kidogo. Anadai kama mmiliki mwenza: fedha yake ndani ya nyumba si mali ya marehemu, hivyo itolewe kabla ya mgawo. Mgogoro wa umiliki wa ardhi uende Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Atahitaji risiti, taarifa za benki au M-Pesa na mkataba wa mauzo. Kiapo cha maneno matupu hakitoshi.

Ushahidi wa watoto: vyeti vya kuzaliwa vyenye jina la baba, na barua ya chifu inayoorodhesha warithi. Ikiwa barua iliyopelekwa kwa Kadhi imewaruka, ombeni nyingine mapema, maana mkinzano wa barua mbili hula miezi.

Kadhi akishatoa amri, rufaa kwenda Mahakama Kuu ni siku 30, na Kadhi Mkuu au Makadhi wawili huketi kama washauri. Kutoka hapo kwenda Mahakama ya Rufaa ni kwa hoja ya sheria ya Kiislamu, na kwa ruhusa ya Mahakama Kuu kwanza (Sura ya 160, kifungu cha 50(2)). Ombeni ruhusa hiyo kabla ya kulipa ada ya rufaa.