Wifi na kanga za mafumbo

Swali: Kila ninapofika ukweni, wifi yangu hujifunga kanga yenye maneno "Hasidi hana sababu" na kuniitikia salamu nusunusu, lakini nikimuuliza hujibu kwamba hiyo ni nguo tu. Nifanyeje bila kuvunja undugu?

Jibu la 1: Dada yangu, kanga peke yake si ushahidi, kwani huenda alipewa zawadi; ila ikiambatana na salamu ya aina hiyo kila mara, hilo ni fumbo, na nguvu ya fumbo ni kwamba msemaji anaweza kulikana. Muulize faraghani kuhusu salamu, wala usiitaje nguo.

Jibu la 2: Usimjibu kwa kanga yako, mipasho huwafurahisha majirani tu.

Jibu la 3: Akikutolea maneno waziwazi mbele za watu, huo ni ugomvi kamili: ondoka, kisha umwombe shangazi wa mumeo awakalishe, si mumeo, ambaye atalazimika kuchagua upande.